Kocha Aliyekosa Dhahabu kwa Pointi Moja

Leo nataka tuzungumze juu ya mchezo ambao sisi watu wa redio hatuupendi hata kidogo. Mpira wa miguu una kelele, ngumi zina kengele, na mbio zina umbali wa kuhesabu mita kwa mita. Lakini kulenga shabaha! Mtu anasimama, ananyamaza, anapumua, anasubiri. Sekunde thelathini zinapita bila neno. Halafu "pa!", basi. Mtangazaji aseme nini? Ndiyo maana wengi wetu hatuyajui hata majina ya mabingwa wa mchezo huu, sembuse majina ya walimu wao.

Basi leo tumtaje mwalimu mmoja. Jina lake ni Cha Young-chul, raia wa Korea ya Kusini. Wakorea hutanguliza jina la ukoo, kwa hiyo tutamwita Bwana Cha, nasi tutakuwa tumemwita kwa heshima inayomstahili.

Turudi kwanza mwaka 1988, katika Michezo ya Olimpiki ya mjini Seoul. Sisi wa Afrika Mashariki tunaikumbuka michezo ile kwa sababu zetu. Wakenya walirudi nyumbani na medali tano za dhahabu: Paul Ereng, John Ngugi, Peter Rono na Julius Kariuki katika riadha, na marehemu Robert Wangila katika ngumi. Wenyeji Wakorea nao walikuwa na hesabu zao. Nchi yao ilikuwa imejenga viwanja, barabara na hoteli, na dunia nzima ilikuwa inawatazama. Katika kulenga shabaha walikuwa hawajawahi kupata medali ya Olimpiki ya aina yoyote, si dhahabu, si fedha, si shaba.

Bwana Cha alishindana katika bunduki ya mita hamsini, kwa kulala kifudifudi. Msikilizaji asidhani kwamba kulala ni kupumzika. Mlengaji huvaa koti zito lililokaza kama gamba la kobe, mkanda wa bunduki humbana mkono wa kushoto, viwiko hukaa juu ya mkeka, na katika hali hiyo anatakiwa kupiga risasi sitini. Duara la pointi kumi lina upana wa milimita 10.4 tu, yaani halifiki hata upana wa kidole gumba, nalo liko umbali wa mita hamsini. Risasi sitini zikiisha, walengaji wanane bora waliingia fainali na kupiga risasi kumi zaidi, ambazo zilihesabiwa mpaka sehemu ya kumi ya pointi.

Siku hiyo alikuwapo Miroslav Varga wa Czechoslovakia. Bwana huyu alipiga risasi sitini katika mchujo akapata pointi 600 kati ya 600. Hakukosa hata moja. Mtu wa namna hiyo unamshindaje? Baada ya fainali Varga alikuwa na pointi 703.9 na Bwana Cha 702.8. Tofauti ilikuwa pointi moja na sehemu moja ya kumi, baada ya risasi sabini. Cha akapata medali ya fedha, na hiyo ikawa medali ya kwanza ya Olimpiki kwa Korea katika mchezo huo.

Miaka minne baadaye, kule Barcelona mwaka 1992, msichana wa shule mwenye umri wa miaka 18, Yeo Kab-soon, alichukua dhahabu katika bunduki ya hewa, na siku chache baadaye Lee Eun-chul akachukua dhahabu katika shindano lile lile la kulala kifudifudi lililomponyoka Bwana Cha. Mlango uliokuwa umefungwa ulifunguliwa, lakini waliopita kwenda kuchukua dhahabu walikuwa wengine.

Sasa mtu aliyekosa dhahabu kwa kiasi kile hufanya nini na maisha yake? Kwetu jibu tunalijua. Atapokewa uwanja wa ndege, atapigwa picha na wakubwa, na baada ya miaka mitano utamkuta amekaa barazani akisimulia. Wakorea wamepanga mambo kwa namna nyingine. Mwenye medali ya Olimpiki husamehewa utumishi wa kawaida wa jeshi, ambao kwa vijana wa kiume kule ni wa lazima, na hupata posho kutoka mfuko wa michezo. Na zaidi ya hapo, makampuni makubwa, majiji na mikoa huwa na timu zao za kulenga shabaha, na wachezaji hulipwa mishahara kama waajiriwa. Kampuni ya simu ya KT ni mojawapo. Mchezaji anapozeeka kazi ya kufundisha ipo, katika timu hizo hizo. Huo ndio utaratibu wenyewe, wala hauna uchawi.

Bwana Cha akawa mwalimu wa timu ya KT, na baadaye kocha katika timu ya taifa. Na huko ndiko alikokutana na Jin Jong-oh.

Hapa pana jambo ambalo mimi hulitafakari. Bwana Cha alikuwa mtu wa bunduki, tena ya kulala. Jin alikuwa mtu wa bastola, tena ya kusimama, mkono mmoja umenyooshwa hewani bila kuegemea kitu chochote. Ni kama seremala kumfundisha mfinyanzi. Lakini kinachofundishwa katika daraja hilo la juu si namna ya kushika silaha, maana Jin alijua kushika bastola kuliko mtu yeyote duniani. Kinachofundishwa ni nini cha kufanya na risasi mbaya. Na mtu aliyeikosa dhahabu kwa pointi moja nchini kwake mwenyewe, mbele ya watu wake, amekwisha kufikiri juu ya kila risasi yake kati ya zile sabini. Huyo anacho cha kusema.

Jin naye alikuwa na risasi yake mbaya. Mwaka 2004 kule Athens, katika fainali ya bastola ya mita hamsini, alikuwa anaongoza. Mara akapiga 6.9. Dhahabu ikaenda kwa Mrusi, Mikhail Nestruev, na Jin akaambulia fedha kama mwalimu wake.

Beijing mwaka 2008 Jin akapata dhahabu yake ya kwanza katika shindano hilo hilo. Mshindi wa pili siku ile alikuwa Kim Jong-su wa Korea ya Kaskazini, lakini alinyang'anywa medali baada ya kukutwa na dawa iitwayo propranolol. Msikilizaji atauliza: mlenga shabaha anakunywa dawa za nini, mbona habebi vyuma wala hakimbii? Dawa ile hupunguza mapigo ya moyo na mtetemeko wa mikono. Moyo ukigonga kwa nguvu, mkono unatikisika, na ncha ya bastola nayo inatikisika. Walengaji hodari hujizoeza kutuliza pumzi na kufyatua pale mwili unapokuwa umetulia. Kwa hiyo katika mchezo huu adui yuko ndani ya kifua chako mwenyewe, na mwingine humtafutia dawa.

London mwaka 2012 Jin alichukua dhahabu mbili, ya bastola ya hewa ya mita kumi na ile ya mita hamsini. Hiyo ya pili ilikuwa na uchungu ndani yake. Aliyekuwa akiongoza hadi risasi ya mwisho ni Mkorea mwenzake, Choi Young-rae. Choi akateleza katika risasi hiyo moja, Jin akampita kwa nusu ya pointi: 662.0 kwa 661.5. Ukiwa kocha wa Kikorea umekaa nyuma yao, unashangilia au unalia?

Lakini kisa ninachotaka kukifikia hasa ni cha Rio de Janeiro mwaka 2016.

Tarehe 6 Agosti ilikuwa fainali ya bastola ya hewa. Jin, bingwa wa London, akaishia nafasi ya tano. Waliobaki mwisho ni wawili: Felipe Wu wa Brazil, akishangiliwa na wenyeji kwa kelele ambazo mchezo huu haujazizoea, na kanali wa jeshi la Vietnam aitwaye Hoang Xuan Vinh, mwenye umri wa miaka 41. Kabla ya risasi ya mwisho Wu alikuwa mbele kwa sehemu mbili za kumi. Wu akapiga 10.1. Hoang akapiga 10.7. Dhahabu ya Vietnam, na ya kwanza kabisa katika historia ya nchi hiyo katika Olimpiki.

Na nani alikuwa amekaa nyuma ya kanali yule? Mkorea! Kocha wa Vietnam alikuwa Park Chung-gun, aliyeichukua timu ile mwaka 2014. Alikuta vifaa haba. Mashabaha ya kielektroniki, yale yanayoonyesha pointi papo hapo, yalikuwa tatizo, na risasi za mazoezi zilikuwa za kuhesabiwa. Basi alikuwa akiwapeleka wanafunzi wake Korea kufanya mazoezi, katika viwanja vya wale wale watakaoshindana nao. Wakorea wakawafungulia milango.

Najua wapo wasikilizaji watakaosema huo ni ujinga. Unamfundisha jirani, kisha jirani anakuvua ubingwa mbele ya dunia. Nami sikubaliani nao, na sababu yangu ni hiki kilichotokea siku nne baadaye.

Tarehe 10 Agosti ilikuwa zamu ya bastola ya mita hamsini. Jin alikuwa anatafuta dhahabu ya tatu mfululizo katika shindano moja, jambo ambalo hapakuwa na mlengaji yeyote aliyekwisha kulifanya. Bwana Cha akiwa miongoni mwa makocha wa timu. Fainali ya miaka ile ilikuwa ya mchujo: baada ya risasi nane za mwanzo, kila risasi mbili mtu mmoja wa mwisho anatolewa. Risasi ya tisa, Jin akapiga 6.6.

Ndugu msikilizaji, sita nukta sita! Katika fainali ya Olimpiki hiyo ni risasi ya kukufukuza uwanjani. Jin akaporomoka hadi nafasi ya saba, akawa ananing'inia kwenye ukingo wa kutolewa. Ni Athens tena, ile 6.9, na safari hii mbaya zaidi. Kocha katika dakika ile hawezi kumshikia mtu bastola. Anakaa kitini pake, na kama kuna kitu alichofundisha miaka yote, ama kimo ndani ya mwanafunzi ama hakimo.

Kilikuwamo. Jin alieleza baadaye kuwa risasi ile ndiyo iliyomzindua. Akaanza kupanda, mtu mmoja baada ya mwingine, mpaka akabaki na mpinzani mmoja tu, naye alikuwa nani? Yule yule kanali Hoang wa Vietnam. Mwanafunzi wa Wakorea kwa Mkorea. Jin alimaliza na pointi 193.7, Hoang 191.3. Dhahabu ya tatu mfululizo ikapatikana, na hesabu ya Jin ikafika dhahabu nne na fedha mbili za Olimpiki.

Kwa hiyo Hoang hakuwaibia Wakorea kitu. Nadhani alimfaa Jin kuliko rafiki, maana bingwa asiye na wa kumshinda hulala. Kushindwa siku nne nyuma na mtu aliyefundishwa na mwenzao kulikuwa kama ndoo ya maji baridi.

Medali ya shaba siku ile ilikwenda kwa Kim Song-guk wa Korea ya Kaskazini. Tazameni basi jukwaa lile: katikati Mkorea wa Kusini, pembeni Mvietnam aliyefundishwa na Mkorea wa Kusini, na upande wa pili Mkorea wa Kaskazini, ambaye kwao na kwa Jin hakuna hata njia ya kawaida ya kupigiana simu. Kim aliwaambia waandishi kwamba kama Korea mbili zingekuwa moja, medali yao ingekuwa kubwa zaidi. Kwa mtu aliyetoka alikotoka, yalikuwa maneno makubwa.

Yaliyofuata nitayataja kwa haraka. Tokyo, mwaka 2021, Jin alirudi mikono mitupu, na Korea yote ikapata fedha moja tu katika mchezo huo. Paris mwaka 2024 wakafufuka: dhahabu tatu na fedha tatu, moja ya dhahabu ikiwa ya Ban Hyo-jin, mwanafunzi wa sekondari wa miaka 16 aliyeanza kulenga shabaha mwaka 2021 tu. Jin mwenyewe, mwaka huo huo wa 2024, alichaguliwa kuwa mbunge.

Na ile bastola ya mita hamsini, shindano lililompa Jin dhahabu tatu, liliondolewa katika Olimpiki baada ya Rio ili kupisha mashindano ya mchanganyiko wa wanaume na wanawake. Anayetaka kuivunja rekodi ya mwanafunzi wa Bwana Cha hana tena mahali pa kuivunjia.

Tukutane wiki ijayo, wakati kama huu.