Jina la Mtu na Kalamu ya Karani

(Maneno yaliyosomwa mbele ya wanachama huko Mwera, Wilaya ya Pangani)



Tumeombwa kusema juu ya majina na maneno, asili yake na maana yake. Huenda wengine wakadhani ni mazungumzo ya barazani tu. Sisi twaona ni jambo la kazi yetu hasa, maana hapana afisi isiyoandika jina la mtu kila siku. Martin Kayamba na wenzake walipoanzisha chama cha watumishi Waafrika wa serikali mjini Tanga, mwaka 1922, chombo chao cha kazi kilikuwa kalamu.

Kalamu yenyewe ni neno la safari. Sisi tulilipata kwa Waarabu, nao asili yake walilitoa kwa Wayunani; na karatasi ni vivyo hivyo. Daftari lilipita njia hiyo hiyo, na maana yake ya kwanza ni ngozi iliyotengenezwa kwa kuandikiwa. Meza ni neno la Wareno. Serikali asili yake ni Kiajemi. Shule tuliachiwa na Wadachi, na hela pia, maana mwaka 1904 walitoa sarafu waliyoiita Heller, mia kwa rupia moja. Basi karani akikaa kitini pake amezungukwa na wageni wa pande nyingi za dunia, waliokwisha kuwa wenyeji.

Majina ya watu nayo husafiri. Pwani hii mtoto aliyezaliwa Ijumaa huitwa Juma, na akiwa wa kike Mwanajuma; wa Alhamisi huitwa Hamisi. Maana ya Hamisi ni ya tano, kwa hesabu ya Waarabu waanzao Jumapili. Sisi twaanza Jumamosi, ndiyo sababu juma letu lina siku mbili za tano, Jumatano na Alhamisi. Tena Yohana wa Wakristo na Yahya wa Waislamu ni jina moja. Mwingereza hulitamka John, na Mdachi Johannes.

Hata nchi hubadilishwa jina na kalamu. Wenyeji wa milima ile tuionayo magharibi ya Tanga huita kwao Shambaai. Wadachi waliandika Usambara, likaingia katika ramani, na mpaka leo ndilo lisomwalo.

Nchi haina hasara kubwa kwa hayo. Mtu anayo. Twajua habari ya mjane mmoja wa hapa Mwera. Marehemu mumewe alikuwa Hamisi katika daftari la kodi. Kipande chake cha kazi katika shamba moja la mkonge kiliandikwa Amisi, kwa kuwa mwandishi alikuwa mtu wa bara asiyezoea kutamka h. Kitabu chake cha akiba kikasema Khamis, kwa mkono wa aliyependa Kiarabu. Mama yule alipokwenda kudai fedha, aliambiwa kwamba hao ni watu watatu. Alivuka mto kwenda Pangani mara nne, na nauli ya kuazima, mpaka wazee walipokula kiapo mbele ya hakimu kuwa mume wake alikuwa mmoja.

Waandishi wale hawakuwa na nia mbaya. Kila mmoja aliandika alivyosikia. Lakini hapana aliyemsomea mwenyewe jina lake. Na twaungama kwamba mmoja wao alikuwa katika sisi. Hatumtaji, kwa sababu yeyote aliyeketi hapa angeweza kuwa yeye.

Kwa hiyo twawaomba ndugu zetu mambo matatu. Kwanza, kabla ya kuandika tuulize kama mtu ana hati ya zamani, tufuate ilivyoandikwa. Na hati zikipingana, tuandike majina yote mawili. Pili, tumsomee mtu jina lake na la baba yake kwa sauti, hasa yule asiyejua kusoma. Tatu, tutaje wilaya pamoja na mahali. Mwera iko hapa, na Mwera nyingine iko Unguja, na Wamwera wako Lindi. Barua isiyotaja wilaya yaweza kuzunguka pwani nzima.

Tusiseme, "Jina langu nalijua mimi, lake ni juu yake." Yeye ametukabidhi kwa kuwa hana kalamu, na aliyekabidhiwa amana hapaswi kuirudisha pungufu.

Tunamaliza na neno moja ambalo sote twalitumia kila siku. Kwa Kiarabu sahihi ni jambo lililo kweli, lisilo na kosa. Waswahili wakalifanya pia kuwa jina la mkono wa mtu chini ya waraka. Basi kila tutiapo sahihi, twashuhudia kwamba yaliyo juu yake ni sahihi. Na tuyatazame kwanza.