Nyayo za Kibanjani

Juzi nilitazama filamu moja: bibi anapita kibanjani Bukoba, nyayo zinalia ko-ko-ko kama yuko sarujini! Nikacheka, kisha nikasikitika. Kibanjani chini ni nyasi na majani makavu ya migomba.

Sauti hizo hutengenezwa na fundi. Mmarekani Jack Foley, aliyefariki mwaka 1967, alitazama picha katika studio za Universal huku akitembea palepale, hatua zake zilingane na za mwigizaji. Leo fani hiyo huitwa kwa jina lake, nayo hufundishwa.

Vijana wetu nani awafundishe? Mvua ya Muleba hupiga bati kwa sauti moja, jani la mgomba kwa nyingine. Asiyefunzwa kuzisikia atatuwekea mvua ya kununua. Walimu wa filamu, anzieni hapo.