Hati Kabla ya Mabao: Mshambuliaji wa Kulipwa na Klabu Iliyomlea

Mada iliyotolewa katika semina ya viongozi wa klabu na makocha, Kamina, Haut-Lomami



1. Maana ya maneno

Sioni haja ya kukawia hapa. Mshambuliaji ni yule ambaye kazi yake ya kwanza ni kufunga mabao. Na mchezaji wa kulipwa, kwa kanuni za FIFA, ni mwenye mkataba wa maandishi na ujira unaozidi gharama zake za mchezo. Asiyetimiza masharti hayo mawili ni wa ridhaa, hata akishangiliwa na umati kila Jumapili.

2. Njia ya mshambuliaji

Njia ya mshambuliaji wa kulipwa yaweza kuwa yenye neema. Mbwana Samatta alitoka Simba ya Dar es Salaam akaingia TP Mazembe mwaka 2011, akafunga mabao 7 katika Ligi ya Mabingwa ya Afrika ya mwaka 2015, kisha akaenda Genk ya Ubelgiji. Fiston Mayele alishika njia ya pili: kutoka AS Vita Club hadi Young Africans mwaka 2021, kisha Pyramids ya Misri mwaka 2023, na tarehe 1 Juni 2025 akafunga bao katika fainali iliyoipa klabu hiyo ubingwa wa Afrika. Walakini Ndaye Mulamba, ambaye mabao yake 9 katika Kombe la Mataifa ya Afrika la mwaka 1974 hayajafikiwa na mtu hadi leo, alifariki Afrika Kusini mwaka 2019, mbali na nchi aliyoitukuza.

3. Tatizo la hati

Kwa kadiri ya niliyoyashuhudia kwa miaka mingi, heri au dhuluma ya mchezaji wetu aghalabu huanzia katika daftari kabla haijaonekana uwanjani. Kijana wa Kamina mwenye miguu miepesi huonwa na dalali katika mechi ya mtaa, na kabla msimu haujakwisha huwa amekwisha kupandishwa gari la moshi la kwenda Lubumbashi, bila leseni iliyosajiliwa, bila barua ya klabu yake, wala mkataba ambao mzazi wake ameusoma. Tena madaftari yetu ya mtaani yana aibu yake: mtoto mmoja huandikwa msimu huu kwa jina la babaye na mwaka mmoja wa kuzaliwa, na msimu ujao kwa jina la ubatizo na mwaka mwingine, hata afisa wa Kinshasa azisomaye karatasi hizo asiwe na njia ya kujua kwamba ni mtu yule yule.

Hasara yake ni bayana. Kanuni za FIFA zaamuru kwamba, mchezaji wa kulipwa akihamia nchi nyingine kabla ya mkataba wake kwisha, asilimia 5 ya ada ya uhamisho igawiwe klabu zilizomlea tangu umri wa miaka 12 hadi 23. Klabu iliyomsajili kwa misimu minne ya kwanza hustahiki asilimia 1 ya ada yote. Katika uhamisho wa dola 1,000,000, hizo ni dola 10,000, fedha za kutosha mipira, viatu na safari nyingi za timu za watoto. Tangu Novemba 2022 malipo hayo hupitia ofisi maalumu ya FIFA, nayo hufuata pasipoti ya mchezaji, yaani orodha ya klabu alizosajiliwa. Na klabu isiyomo katika orodha hiyo ni kana kwamba haikumlea.

Sikusudii kuilaumu idara yoyote, kwa kuwa najua uhaba wa vifaa na umbali wa safari. Lakini jambo hili nimelieleza katika vikao vingi, nikaahidiwa kwamba litatazamwa, na vijana wameendelea kuondoka mikono mitupu, ilhali dawa yake ni kalamu, daftari na uaminifu.

4. Mapendekezo

(a) Kila mtoto aliyefika miaka 12 asajiliwe kwa jina moja na tarehe moja, kwa kufuata cheti cha kuzaliwa.

(b) Klabu itunze nakala ya kila leseni, na nakala ya pili ikae kwa viongozi wa mpira wa mji.

(c) FECOFA, shirikisho la mpira la Kongo, iombwe kwa heshima ithibitishe usajili wa majimbo kila msimu.

(d) Kijana asiondoke Kamina bila barua ya klabu na idhini ya mzazi.

(e) Mkataba wa aliye chini ya miaka 18 usizidi miaka mitatu, kama kanuni zisemavyo, na usomwe kwa lugha anayoifahamu mzazi.

(f) Wachezaji wafundishwe kwamba mishahara ya miezi miwili isipolipwa, nao wakatoa taarifa ya siku 15 pasipo kulipwa, wana haki ya kuvunja mkataba.

(g) Sehemu ya ujira iwekwe akiba, maana umri wa kufunga mabao ni mfupi.

(h) Na hili ndilo la msingi: asiyesajiliwa asichezeshwe.

Nawasihi basi, ndugu viongozi, msingoje amri ya kutoka juu. Madaftari yamo mikononi mwenu, na usajili wa msimu ujao uanze kwa majina sahihi.