Nguzo za Ugenini na Nguzo za Nyumbani

Katika mazungumzo ya leo nitawasimulia safari ya siku moja. Kwa umbali ilikuwa fupi, nusu saa hivi kwa basi, lakini mimi iliniacha na deni ambalo mpaka leo bado nalilipa.

Ninaishi Don Mills, kitongoji cha jiji la Toronto nchini Canada. Ujenzi wake ulianza mapema katika miaka ya 1950, kwa mpango wa tajiri aitwaye E. P. Taylor, na wataalamu wa mipango miji hukitaja kuwa miongoni mwa vitongoji vya kwanza nchini humo kupangwa kikamilifu tangu mwanzo: nyumba, maduka, shule na viwanda, kila kimoja mahali pake. Jirani yake ipo mitaa ya Flemingdon Park na Thorncliffe Park, yenye maghorofa marefu yanayokaliwa na wahamiaji kutoka pembe zote za dunia. Humo Kiswahili husikika kwenye lifti na kwenye vituo vya basi, cha Mombasa, cha Bukavu, cha Dar es Salaam na cha Kampala.

Katika majira ya joto yaliyopita, binti yangu mwenye umri wa miaka 10 alikuwa akisoma habari za Ugiriki na Roma ya kale. Akaniomba nimpeleke kuona magofu. Nikamweleza kwamba nauli ya kwenda Athens kwa familia nzima si jambo la kutamkwa bila kufikiri. Jirani mmoja akacheka, akasema: "Ndugu yangu, magofu ya Kigiriki yapo hapa hapa Scarborough." Habari ikaenea. Tulipokodi basi la manjano la shule, tulikuwa watu wapatao 40, wazee kwa watoto, pamoja na hotipoti za pilau, maandazi, na chupa za chai ya tangawizi zisizo na idadi.

Mahali penyewe panaitwa Guild Park, juu ya majabali yanayotazama Ziwa Ontario. Mwaka 1932, mume na mke, Spencer na Rosa Clark, walianzisha hapo makao ya wasanii na mafundi. Miaka ilipopita na jiji la Toronto likawa linabomoa majengo yake ya zamani ili kupisha minara ya kisasa, Bwana Clark alianza kuokota mabaki: nguzo, matao, milango, na mawe yaliyochongwa sura za watu na wanyama. Vipande vya makumi ya majengo vikapata hifadhi katika bustani yake.

Kubwa kuliko vyote ni lile liitwalo Jukwaa la Kigiriki. Nguzo zake ni za marumaru nyeupe, na vichwa vyake vimechongwa majani kwa mtindo wa Korintho, mji wa Wagiriki wa kale. Lakini nguzo hizo hazikupata kuiona Ugiriki. Zilikuwa za makao makuu ya benki iliyoitwa Bank of Toronto, yaliyojengwa katikati ya jiji mwanzoni mwa karne ya 20 na kubomolewa mwaka 1966. Hii leo mahali hapo imesimama minara myeusi ya Toronto-Dominion Centre. Mabaki yaliyookolewa yalipangwa upya mwaka 1982 na msanifu Ron Thom, yakawa jukwaa la michezo ya kuigiza.

Watoto walikimbia, wakapanda ngazi, wakapiga picha. Kisha binti yangu akaja kwangu na swali: "Baba, hapa aliishi nani? Nani amezikwa?" Nikamjibu kwamba hakuna aliyeishi wala aliyezikwa, ilikuwa benki, tena haikuwa hapa. Nikaona uso wake ukinywea. Akafikiri kidogo, akauliza tena: "Na kwenu, baba, kuna magofu?"

Ndugu wasikilizaji, mimi ni mzaliwa wa Bagamoyo. Kutoka mjini kwetu hadi Kaole ni mwendo wa mguu. Huko Kaole kuna magofu ya misikiti miwili ya kale, na makaburi yaliyojengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa, mengine yakiwa na nguzo zilizosimama juu yake. Makaburi ya nguzo ni fahari ya pwani yetu. Yapo pia Kunduchi, Malindi na Mambrui. Katika baadhi ya nguzo hizo mafundi walipachika bakuli za kauri kutoka China, ushahidi kwamba watu wale walikuwa na jamaa na biashara ng'ambo ya bahari. Haya yote ninayaeleza leo kwa ufasaha. Siku ile, mbele ya mwanangu, nilichokumbuka ni kwamba tulipelekwa Kaole na shule mara moja, kukawa na jua kali, na tukanunuliwa soda.

Aliyeniokoa ni mzee mmoja wa Kilwa, mwenye umri uliopita miaka 80, aliyekuwa ameketi juu ya kipande cha marumaru akinywa chai yake. Akawaita watoto wamzunguke. Wakamwamkia, "Shikamoo, babu," naye akaitikia, kisha akaanza.

Akawaambia kwamba katika kisiwa cha Kilwa Kisiwani upo Msikiti Mkuu, ulioanza kujengwa yapata karne ya 11 na kupanuliwa baadaye kwa nguzo, matao na makuba. Sultani al-Hasan bin Sulaiman alijenga kasri liitwalo Husuni Kubwa, lenye birika la pande nane, juu ya mwamba unaotazama bahari. Msafiri Ibn Battuta alifika mwaka 1331 akausifu mji huo kwa uzuri wake. Dhahabu ya Sofala ilipita pale, nao masultani wakapiga sarafu zao wenyewe. Mwaka 1505 Wareno wakaja na merikebu za vita, wakauteka mji na kuupora.

"Sisi," akasema mzee, "tulicheza kombolela ndani ya Husuni. Lakini tukifika msikitini, bibi alituambia tuvue viatu, ingawa hapasaliwi tena. Alisema, wenyewe wapo."

Mtoto mmoja akainama kufungua kamba za viatu vyake. "Na hapa, babu, tuvue?"

"Hapa palikuwa benki, mjukuu wangu. Vaa viatu vyako."

Tulicheka sote, hata dereva ambaye hakuelewa neno.

Nikaongeza na mimi la kwangu, ili nisionekane bure kabisa. Niliwaambia watoto kwamba Wagiriki na Warumi hawakuwa wageni wa pwani yetu. Katika karne ya kwanza baada ya kuzaliwa Kristo, mfanyabiashara mmoja wa Misri aliandika kwa Kigiriki kitabu cha mwongozo wa mabaharia, kijulikanacho kama Periplus. Ndani yake anaitaja bandari iliyoitwa Rhapta, soko la mwisho la pwani aliyoiita Azania, ambako pembe za ndovu zilinunuliwa kwa wingi. Anasema jina hilo limetokana na mashua zilizoshonwa kwa kamba. Wazee wa Lamu wangemwelewa mara moja, kwa sababu mitepe, vyombo vilivyoshonwa bila misumari, ilikuwa bado ikisafiri mpaka mwanzoni mwa karne ya 20. Lakini mahali hasa ilipokuwa Rhapta, wataalamu wangali wanabishana. Mji uliotajwa katika kitabu cha Kigiriki hauna hata nguzo moja ya kutuonyesha.

Wakati wa kurudi, basi lilipita katika barabara ya Wynford Drive, hapo hapo Don Mills. Mama mmoja wa Kihindi, mzaliwa wa Kampala, aliyefukuzwa pamoja na wazazi wake mwaka 1972 kwa amri ya Idi Amin na kupokewa na Canada kama maelfu ya wenzake, alituonyesha kwa kidole Jumba la Makumbusho la Aga Khan na jengo la jamii ya Waismailia lililo kando yake, yote mawili yaliyofunguliwa mwaka 2014. Akauliza: "Mnajua hapa palikuwa na nini kabla?" Hakuna aliyejua. "Bata," akasema. "Makao makuu ya Bata."

Wazee wote ndani ya basi wakageuka kutazama. Nani kati yetu hakuvaa viatu vya Bata siku ya kwanza ya shule? Jengo lile la kisasa lilifunguliwa mwaka 1965 na kubomolewa mwaka 2007. Halikuacha nguzo katika bustani ya mtu yeyote. Limebaki katika kinywa cha mama yule, naye alilisema kwa kuwa tu tulipita njia ile.

Hapo ndipo lilipotua moyoni mwangu lile ninalotaka kuwaambia leo. Marumaru za Guild Park ziliokolewa kwa sababu alipatikana mtu wa kuzichukua kabla ya nyundo kumaliza kazi. Mawe ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara nayo yamepata watu wake: UNESCO iliyaingiza katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1981, ikayaweka katika orodha ya urithi ulio hatarini mwaka 2004, na baada ya kazi kubwa ya ukarabati yakaondolewa humo mwaka 2014. Magofu ya Gede nchini Kenya yaliingia katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2024. Jiwe, basi, lina watetezi. Lakini yule bibi aliyesema "wenyewe wapo", maneno yake hayamo katika orodha yoyote.

Usiku ule nilimpigia simu mama yangu Bagamoyo. Nikamwuliza habari za Kaole: ni nani waliozikwa pale, na kwa nini katika utoto wetu wanawake walikwenda na ubani. Akanyamaza kidogo. Kisha akasema: "Mwanangu, aliyekuwa akiyajua hayo ni mama yako mkubwa. Na yeye tumekwisha mzika."

Mazishi hayo sikuhudhuria. Nilikuwa kazini, hapa Toronto. Kwa zaidi ya miaka 20 ya kazi hii nimeshika kinasa sauti mbele ya mawaziri na mabalozi, na mara nyingi waliyosema sikuyakumbuka wiki iliyofuata. Mama mkubwa nilikuwa nikimsalimu kwa simu sikukuu kwa sikukuu, nikimwuliza afya yake tu.

Siwezi kulirudisha lililokwenda. Lakini Jumamosi iliyofuata nilibisha hodi kwa yule mzee wa Kilwa, nikiwa na kinasa sauti na binti yangu. Tumekwisha kwenda mara sita. Maswali anauliza binti, mimi nashika mashine. Na mama naye, kila Jumapili, hunieleza kidogo anachokikumbuka, akisema kila mara kwamba si kitu, kisha anaendelea kwa muda wa saa nzima.

Wewe unayenisikiliza, iwapo yuko mtu nyumbani kwenu ajuaye ni nani aliyelala chini ya nguzo ipi, usingoje safari ya basi. Mwulize leo, wakati bado yupo wa kukujibu.