Regyuleta ya Nje na Mshahara wa Dereva

(Maneno ya fundi wa umeme wa magari mbele ya madereva, mafundi na matanboi, Garissa)



Kutoka hapa Garissa mpaka Wajir ni zaidi ya kilometa 300, na maji ni ya kubeba. Betri ikichemka njiani ikafa, tajiri husema dereva ndiye aliyeharibu, na mshahara hukatwa. Mara nyingi kosa ni la waya mmoja tu.

Altaneta ikizunguka kwa nguvu, volti hupanda. Regyuleta hupunguza umeme unaokwenda kwenye brashi ili zisizidi. Ile ya ndani huungua upesi kwa joto la injini na la nchi yetu, ndiyo maana tunafunga ya nje, mahali penye hewa.

Kwanza ondoeni waya wa betri. Toeni regyuleta iliyokufa, mlete nyaya za brashi nje. Sasa tazameni: brashi moja imeshikana na bodi? Basi regyuleta iwe ya kupeleka umeme kwa brashi ya pili. Kama brashi moja hupata umeme wa swichi, regyuleta ishike upande wa bodi. Mkichanganya, ama gari halichaji, ama linachaji bila kizuizi. Na umeme wa regyuleta upite kwenye swichi. Ukitoka betri moja kwa moja, asubuhi betri haina kitu.

Hapa ndipo wengi wetu huanguka. Regyuleta hupima volti kati ya waya wake wa swichi na bodi yake yenyewe. Ukiifunga juu ya rangi au kutu, volti moja hupotea pale. Yenyewe huona 14, kumbe betri inapata 15, inachemka. Kwangueni mpaka chuma king'ae, mkavute waya mnene mpaka bodi ya altaneta.

Halafu pimeni kwenye betri, injini ikienda kasi ya kati: gari la volti 12 lionyeshe kama 14, lori la 24 kama 28. Wala msing'oe waya wa betri injini ikienda, kama wazee walivyojaribu dainamo. Diodi za altaneta huweza kufa papo hapo.

Andikeni vipimo na tarehe, karatasi abaki nayo dereva. Sheria ya Kazi ya 2007, kifungu cha 19, inamruhusu mwajiri kukata kiasi cha haki kwa hasara iliyoletwa na mfanya kazi kwa makusudi. Kutu si makusudi. Tajiri akikata, leteni karatasi hiyo kwa karani wa chama.