Mhariri wa Filamu na Sarufi ya Kiswahili



Hapa Chimwaga zilisikika hotuba nyingi za siasa kabla ya Chuo Kikuu cha Dodoma kuanzishwa mwaka 2007. Mada ya leo inahusu usemi ambao hatima yake huamuliwa mbali na jukwaa, katika chumba cha mhariri wa filamu.

Mwanzoni mwa karne ya 20, Mrusi Lev Kuleshov alionyesha kwamba uso uleule wa mwigizaji, ukiunganishwa na picha ya bakuli la supu, huonekana una njaa. Ukiunganishwa na jeneza, huonekana una majonzi. Maana, basi, huzaliwa na mfuatano. Kwa mtazamo wa isimu, mhariri hufanya kazi ya sintaksia.

Kiswahili humpa mhariri huyo nyenzo ya pekee. Chukua neno "Amekuja". Kiambishi a- hubeba nafsi na idadi, lakini hakibainishi mume wala mke. Mtoto akilitamka mlangoni, mhariri anaweza kubaki na uso wa mama kwa sekunde kadhaa, huku mtazamaji akingoja kujua nani amefika. Tafsiri ya Kiingereza chini ya picha ikichagua kiwakilishi cha kiume, siri imefichuka kabla ya wakati. Dawa ni kutafuta kauli isiyo na kiwakilishi, au kuchelewesha maandishi hadi mgeni aonekane.

Maamkizi nayo yako hatarini. "Shikamoo" na "Marahaba" huonekana kama sekunde za kupunguzwa, ilhali ndizo zinazoeleza nani mkubwa na nani mdogo. Mkubwa akinyimwa shikamoo, ugomvi umekwisha kuanza. Jozi hiyo ikiondolewa, ugomvi unaofuata hukosa chanzo.

Suala hili si dogo. Mwaka 2021 filamu ya Amil Shivji, "Vuta N'kuvute", iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi ya mwaka 1999, ilifikisha Kiswahili cha Zanzibar katika tamasha la Toronto, mbele ya watazamaji wengi waliotegemea maandishi ya tafsiri.

Watengenezaji wa filamu wanaojitegemea wana fedha kidogo, na mara nyingi mwongozaji ndiye mhariri. Idara za Kiswahili ziwafunze wanafunzi tafsiri ya filamu, nao wakae na mhariri kabla ya mkato wa mwisho. Baada ya hapo, neno lililokatwa halirudi.