Mfupa Ulioungana Vibaya na Namba ya Karani
(Maneno yaliyosemwa mbele ya mkutano wa wanachama)



Tumesimama kusema juu ya namba anayoiandika karani wa hospitali kwenye karatasi ya mtu aliyevunjika nyonga. Huenda mtasema namba si kazi yetu. Lakini sisi watu wa reli twajua nguvu ya namba. Behewa likiandikwa vibaya, mzigo wa Nakuru hufika Kisumu, na mwenye mali hulia. Na mguu wa mtu ni vivyo hivyo.

Kwanza tueleze jeraha lenyewe. Mtu akianguka kutoka juu ya behewa, mfupa wa paja waweza kuvunjika juu kabisa, karibu na nyonga. Ukivunjika kwenye shingo yake, mishipa ipelekayo damu kwenye kichwa cha mfupa huweza kukatika, na mfupa usiungane. Ukivunjika chini kidogo ya shingo, penye damu nyingi, kwa kawaida huungana. Lakini usiposhikwa sawasawa, waweza kuungana ukiwa umepinda. Basi mguu huwa mfupi, unyayo hutazama nje, na mtu huchechemea. Watu humwona amepona, lakini kubeba mataruma hawezi tena.

Sasa tuje kwenye namba. Shirika la Afya Duniani lina kitabu cha namba za magonjwa na majeraha. Toleo la 10 lilikubaliwa mwaka 1990, na la 11 lilianza kutumika tarehe 1 Januari 2022. Namba tuzitajazo ni za toleo la 10. Shingo ya mfupa wa paja ikivunjika ni S72.0, chini yake kidogo ni S72.1. Herufi S ni ya majeraha. Lakini mfupa ulioungana vibaya ni M84.0, na usioungana ni M84.1. Herufi M si ya majeraha, ni ya magonjwa ya mifupa na misuli.

Ndugu, hatari ni hapo. Siku ya ajali karatasi yasema jeraha. Mwaka ukipita yasema ugonjwa. Mtu wa bima, ambaye hakukuona ukianguka, aweza kusema, "Huyu ana maradhi yake ya nyumbani." Wala kuendelea kuandika S72.0 si dawa, maana namba hiyo yasema mguu umevunjika sasa hivi. Dawa imo kitabuni: ni T93.1, maana yake madhara yaliyobaki baada ya mfupa wa paja kuvunjika. Ikiandikwa pamoja na M84.0, yeyote aona kwamba mguu mfupi umetokana na mvunjiko. Lakini kitabu hakimlazimishi karani kuiongeza, kwa hiyo hatuna budi kuomba.

Wamarekani wana toleo lao, walilolianza tarehe 1 Oktoba 2015. Wao huongeza herufi mwishoni mwa namba ya mvunjiko: kwa mvunjiko usiotoboa ngozi, K ni kwamba haukuungana, P umeungana vibaya. Jeraha hubaki jeraha mpaka mwisho.

Kwa nini twasumbuka hivi? Sheria ya Kenya ya mwaka 2007 juu ya fidia ya majeraha ya kazini yahesabu ulemavu wa kudumu kwa mshahara wa miezi 96, kadiri ya asilimia ya ulemavu, ndani ya mipaka iliyowekwa. Tuchukue mfano wa mshahara wa shilingi 30,000. Miezi 96 ni shilingi 2,880,000. Asilimia 10 ni shilingi 288,000. Asilimia 20 ni 576,000. Karatasi ikisema "amepona" tu, nani atakuongezea asilimia?

Basi yafaa tufanye haya:

1. Ajali itolewe habari mara moja. Mwajiri apaswa kuipeleka kwa Mkurugenzi kwa muda wa siku 7, na madai yafikishwe kabla miezi 12 haijapita tangu ajali.

2. Tumwombe daktari aandike mguu upi, mahali palipovunjika, tarehe ya ajali, na jinsi mfupa ulivyoungana. Karani hawezi kuweka namba ya jambo ambalo daktari hakuliandika. Tusimgombeze bure.

3. Picha za eksirei na nakala za karatasi zote tuzitunze nyumbani.

4. Usiporidhika na uamuzi wa Mkurugenzi, una siku 60 za kupinga. Zisipite ukiwa umekaa.

Asiyejua kusoma, mwenzake amsomee kabla hajatia kidole gumba. Mfupa ukiisha kupinda, chama hakiwezi kuunyosha. Lakini karatasi iliyopinda twaweza kuinyosha, tukiwahi.